Marehemu wa Ghorofa ya Pili

Bi Faridah hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa na ulimi, na ulimi wake ulikuwa na miguu. Jambo likitokea asubuhi kwenye jengo lile la wazee pale Stratford, Landani, kufika adhuhuri lilishazunguka ghorofa zote nne na kurudi nyumbani limenenepa. Bhavini, msimamizi wa jengo, alikuwa akisema kwamba hana haja ya kamera kwenye korido maadamu Bi Faridah yu hai na mlango wake umeachwa wazi kidogo.

Kwa hiyo Mtaliano alipohamia ghorofa ya pili, mlango unaotazamana na wa Bi Faridah, hakupewa nafasi hata ya kufungua masanduku. Siku hiyo hiyo Bi Faridah alikwishajua kwamba jina lake ni Renzo Falaschi, kwamba ana miaka themanini na minne, kwamba mkewe Mwingereza aliachana naye zamani na kuolewa na daktari wa meno, na kwamba nywele zile nyeusi hakuzaliwa nazo. Kesho yake akajua kazi yake.

"Mimi ni mwigizaji, Sinyora," alisema Renzo ndani ya lifti, huku akiiweka sawa skafu yake ya hariri. "Filamu na televisheni. Miaka sitini."

"Mimi filamu nimezitazama nyingi," alisema Bi Faridah. "Wewe sikukuona."

Walikuwa wakizungumza Kiingereza, kila mmoja cha kwao. Sisi tunakileta kwa Kiswahili ili mambo yaende. Na Bi Faridah hakuwa akitia chumvi. Alikulia Unguja, na mama yake, Bi Miska, alikuwa hakosi onyesho la wanawake. Wakivaa mabuibui yao, wakibeba bisi na watoto wachanga, wakijaza ukumbi mzima. Filamu zilikuwa za Kihindi, za Kimisri, na zile za Wataliano wapanda farasi wenye vumbi usoni, ambazo hapana aliyefahamu neno hata moja na hapana aliyejali.

Tangu siku ile ya lifti ikawa ndio mchezo wao. Renzo akitaja filamu, Bi Faridah anauliza, "Ulikuwa nani humo?" na Renzo anajibu kwa mzunguko. Alikuwa rafiki wa shujaa. Alikuwa mdogo wa sherifu, mkuu wa polisi wa mji. Alikuwa padri katika tamthilia moja ya televisheni ya Roma, mpaka padri akaanguka kutoka mnarani. Alipohamia Landani akawa mhudumu wa mkahawa, si wa kweli, wa kwenye televisheni, kila walipohitaji mtu wa kuleta sahani na kusema maneno mawili kwa lafudhi. Baada ya hapo akawa babu kwenye tangazo la mchuzi wa nyanya, na baada ya babu simu ikanyamaza.

"Basi wewe si mwigizaji," Bi Faridah alihitimisha. "Wewe ulikuwa unapita njia, wakakupiga picha."

Renzo alicheka, lakini alicheka kidogo.

Halafu simu ikalia. Wakala wake, ambaye kwa miaka mingi alimkumbuka Krismasi tu, alisema kuna tamthilia mpya ya televisheni inayohitaji mzee. Mzee huyo ameketi kwenye kiti chake, mkewe yuko naye, na mwisho wa sehemu ya kwanza anafariki. Mwongozaji alitaka kumwona wiki ijayo. Wakala aliongeza, kwa upole wa watu wa kazi hiyo, kwamba safari hii ikishindikana, itakuwa vigumu kuliweka jina lake kwenye orodha.

"Maana yake nini?" aliuliza Bi Faridah.

"Maana yake nitakuwa mzee mwenye skafu," alisema Renzo. "Basi. Watu watauliza ulikuwa nani, na mimi mwenyewe sitakuwa na hakika."

Bi Faridah alimtazama, akaona kwamba hatanii.

Chumba cha Renzo kilikuwa kidogo na kimejaa fanicha ya nyumba kubwa, kwa hiyo alitoka kufanyia mazoezi kwenye korido. Alasiri moja Bi Faridah akasikia kishindo. Alipofungua mlango alimwona Mtaliano amesimama, mkono wa kulia kifuani, wa kushoto ukitafuta kitu hewani. Akapiga hatua tatu za mlevi. Akashuka goti moja. Akauinua uso kuielekea taa ya dari, akatabasamu upande mmoja tu wa mdomo, kisha akageuka taratibu na kulala chali, kidole kimoja kikiendelea kutikisika baada ya mwili wote kutulia.

Bi Faridah alishika fremu ya mlango. Kidole kile alikuwa anakijua.

"Wewe," alisema. "Wewe ni Marehemu."

Hapo kicheko kikamjia. Alicheka mpaka akakaa chini, akacheka mpaka miwani ikamtoka. Kule Unguja, katika filamu zile za farasi, kulikuwa na stelingi, yaani shujaa, na kila mtu alijua kwamba stelingi hafi. Hata wamfukie hai atatoka. Na kulikuwa na kijana mmoja mzuri, mwenye kidevu cha kuchongwa, ambaye alikufa katika kila filamu kabla watu hawajamaliza bisi zao. Jina lake hawakulijua, wakamwita Marehemu. Akitokea tu kwenye kitambaa cha sinema, mzima wa afya, anakunywa kahawa yake, ukumbi mzima ulikuwa unasema, "Inna lillahi," na wanawake wanaanza kutafuta leso.

Renzo alikuwa amejiinua kwa kiwiko, amekaa pale kwenye zulia la korido, anangoja kicheko kiishe. Hakikuisha. Kikamfuata Bi Faridah mpaka ukumbi wa chini wakati wa chai, na pale, mbele ya wazee wote na Bhavini, akasimulia habari ya mwanamume aliyekufa kwa miaka sitini. Hakusimulia tu, alionyesha. Akashika kifua, akatafuta hewa, akashuka goti kadiri goti lilivyomruhusu, akatingisha kidole. Watu walicheka mpaka wengine wakakohoa. Alipoinuka akamwona Renzo amesimama mlangoni, amevaa koti zuri, amekuja kunywa chai.

Renzo aliinamisha kichwa kidogo, kama wanavyofanya waigizaji mwisho wa onyesho, akarudi juu.

Siku iliyofuata mlango wake haukufunguka. Wala siku ya pili. Bhavini alipopita na kikapu cha barua alisema, bila kumtazama Bi Faridah usoni, kwamba Bwana Renzo anataka kumpigia wakala wake amwambie hatakwenda.

Wahenga walisema ulimi unauma kuliko meno, na Bi Faridah alikuwa akiwaambia wenzake methali hiyo mara kwa mara. Usiku ule alijiambia mwenyewe. Aliona haya, haya ya kweli, ile inayomfanya mtu azime taa mapema. Alimpigia simu binti yake, Siham, aliyekuwa akifanya kazi kwenye ghala la mizigo kule Hayes.

"Mama, you have to apologise," alisema Siham. "Properly. Si ile yako ya kupeleka chakula."

"Nimwombe radhi kwa lipi? Nimesema kweli tupu."

"Exactly, Mama."

Alfajiri, baada ya sala, Bi Faridah alikwishatoa unga na nazi, akaviacha. Sahani ingemsemea, na jambo hili lilitaka mdomo ule ule ulioharibu. Akagonga mlango wa jirani yake mikono mitupu.

Renzo alifungua. Nywele zilikuwa hazijachanwa na mizizi yake ilikuwa myeupe.

"Ulisikia nusu ya hadithi," alisema Bi Faridah. "Nusu ya pili hii hapa, kisha ukitaka unifungie mlango. Stelingi wa zile filamu simkumbuki. Walikuwa wengi, wote wana macho ya buluu, siwezi kukutajia uso wa hata mmoja. Wanawake walikuwa wakifika mlangoni wanamwuliza mkata tiketi, 'Leo Marehemu yumo?' Akisema hayumo, wengine wanarudi nyumbani. Umenifahamu? Walikuwa wanakuja kwa ajili yako."

Renzo aliuachia mlango ukafunguka zaidi.

"Na mama yangu. Mama yangu alikuwa mtu wa kuamini anachokiona. Mtaani watu walisema kwamba wale wanaokufa kwenye filamu ni wafungwa wa huko Ulaya, wamehukumiwa kifo, basi bora wafe mbele ya kamera pawe na faida. Kufa kufaana. Mama aliposikia hivyo alikuonea huruma, kijana mzuri namna ile. Akakusomea hitma."

"Hitma ni nini?"

"Ni kisomo cha maiti. Watu wanakaa, wanasoma Kurani, wanamwombea marehemu, kisha wanakula. Mama alipika wali wa kutosha nyumba nzima. Jina lako hatulijui, akasema nia tu: kijana yule mzungu wa farasi, Mungu amrehemu."

Renzo alikaa kwenye mkono wa kochi lililoziba nusu ya njia. "Watu walikaa wakaniombea mimi?"

"Wakaomba, wakala, wakaondoka na vifuko. Mwezi uliofuata tukaenda tena ukumbini, tunakuona umepanda farasi. Mama akasimama gizani, akasema, 'Alhamdulillahi, kumbe mzima.' Ulipopigwa risasi akakaa, akaniambia, 'Safari hii sitoi mchele.'"

Mzee alianza kucheka, na katikati ya kicheko akafuta macho kwa ncha ya skafu. Bi Faridah akaangalia pembeni kwa adabu, jambo ambalo halikuwa desturi yake.

"Lakini ulicheka," alisema Renzo baadaye. "Kwa hiyo sifi vizuri."

"Unakufa vizuri kwa mtu wa farasi. Huyu wao ana kiti na blanketi. Mume wangu, Ameir, alifia kwenye kiti, humo ndani kwangu. Unataka kujua alifanya nini? Hakufanya kitu. Redio inasema habari, mimi namweleza jambo la jirani, yeye ananiitikia 'mm.' Mara nikatambua kwamba nazungumza peke yangu."

Wakakubaliana hivyo. Kila alasiri Renzo akaja kwa Bi Faridah, mlango ukiwa wazi kwa ajili ya heshima na kwa ajili ya Bhavini, na akajifunza kutofanya kitu. Hakuna alichowahi kufanya kigumu kama hicho. "Nyusi," Bi Faridah alikuwa akisema bila kuinua macho kwenye ufumaji wake. "Mkono huo unakwenda wapi?" "Sasa wewe wafa au wacheza ngoma?" Kidole ndicho kilichokuwa kikaidi zaidi; kilikuwa kinataka kutikisika, kikazoea kupigwa kwa sindano ya kufumia.

Siku ya siku ilipofika, wakala alikuwa na shughuli nyingine, kwa hiyo ni Bi Faridah aliyempeleka. Wakachukua treni ya Central line kwa pasi zao za wazee, Renzo amevaa skafu, Bi Faridah amevaa baibui jipya kana kwamba anayejaribiwa ni yeye. Mwongozaji alikuwa binti mmoja aitwaye Jennifer, aliyezaliwa Hackney na wazazi Wakenya. Alipomwona Bi Faridah alisema, "Shikamoo, Auntie," kwa sauti ya mtu anayetembea juu ya barafu, na alipoitikiwa marahaba akarudi haraka kwenye Kiingereza. Mwanamke wa kusoma nafasi ya mke alikuwa amechelewa. Je, Auntie angeweza kuketi hapo tu? Hakuna maneno maalumu. Azungumze naye jambo lolote.

"Mkono simshiki," alisema Bi Faridah.

"Usimshike, Auntie. Zungumza tu."

Kuzungumza tu. Bi Faridah akaketi, akaanza na lifti iliyoharibika, akaingia kwenye habari za Bhavini na fundi wake anayekuja kila wiki bila kutengeneza kitu, akasema fundi huyo hakuja kwa ajili ya lifti. Renzo, chini ya blanketi, aliitikia, "Mm." Bi Faridah akaendelea. Alikwisha fika kwenye manukato ya yule fundi alipoona kwamba kitambo hajaitikiwa. Akatazama. Kichwa cha Renzo kilikuwa kimeegama kidogo, mdomo umefunguka, mguu mmoja umeteleza ukatoka kwenye kiatu. Mkono umelala. Kidole kimelala.

"Renzo," aliita. Akaita tena.

Kamera aliisahau, Jennifer alimsahau. Aliinuka, akafanya yale ambayo mikono yake ilikuwa inayajua. Alimfumba macho. Alivuta ile skafu ya hariri, akaipitisha chini ya kidevu, akamfunga taya juu ya utosi ili mdomo usibaki wazi. Akamnyoosha mikono. Akainama sikioni mwake akamsomea shahada, polepole, neno kwa neno, na hapo sauti ikamkatika, akalia. Alimlilia Mtaliano, na alimlilia Ameir, ambaye siku ile hakupata nafasi ya kumlilia maana kulikuwa na gari la wagonjwa, na simu, na watu wa kupewa chai. Alilia kwa sauti, na hakujali.

Renzo akafumbua macho.

Alimwona mwanamke amemwinamia, machozi yakidondoka kwenye kola ya shati lake. Miaka sitini watu walikuwa wakimlilia katika kumbi asizozijua, kwa lugha asizozijua, na yeye wakati huo yuko Roma anakula mchana. Hakuwahi kumwona hata mmoja. Alimtazama Bi Faridah na uso wake wote ukawa wa mtoto aliyeamka akakuta nyumba ina wageni. Asingeweza kusema neno hata kama angetaka, kwa sababu taya lilikuwa limefungwa, na limefungwa barabara.

Jennifer alichelewa sana kusema "Basi" na kuzima kamera.

Ndani ya treni Bi Faridah hakumsemesha mpaka walipopita kituo cha Bethnal Green. "Huna adabu," alisema hatimaye. "Umenifanya nimshike mwanamume asiye wangu mbele ya watu."

"Uliniambia nisifanye kitu. Sikufanya kitu." Renzo alikuwa amezishika ncha za skafu yake. "Ulinisomea nini sikioni? Sasa mimi ni Mwislamu?"

"Marehemu haitikii. Haihesabiki."

Lakini Renzo hakutabasamu. "Nilifumbua macho," alisema. "Katika maisha yangu yote sijafumbua macho. Farasi wamenikanyaga, sikufumbua. Maiti anayefumbua macho hapati kazi, Sinyora. Kwisha."

Bi Faridah alijua kwamba ni kweli, na kwamba kilichomfumbua macho ni kilio chake yeye. Kwa mara ya pili alikuwa amemharibia. Safari hii hakumwambia mtu yeyote jengoni. Bhavini alipomwuliza mambo yalikwendaje alisema vizuri, akafunga mlango, na Bhavini akapata wasiwasi kwamba mama anaumwa.

Wiki ikapita. Siku moja baada ya alasiri mlango ukagongwa. Alikuwa Renzo, simu ingali mkononi, uso umepauka. Bi Faridah alijitayarisha kupokea msiba.

"Wamenichukua," alisema Renzo.

"Alhamdulillahi. Sasa mbona umesimama kama umefiwa?"

"Wamebadilisha hadithi. Jennifer anasema wameutazama ule mkanda wa siku ile mara nyingi. Anasema kifo kilikuwa kizuri, lakini hawakitaki. Wanautaka uso niliokuwa nao nilipofumbua macho. Mke ndiye atakayekufa, wamemchukua mama mmoja wa Kiingereza. Mzee anabaki. Anabaki mpaka mwisho, sehemu zote sita."

Bi Faridah alipiga makofi mara moja. "Marehemu kawa stelingi," alisema. "Lau mama yangu angekuwa hai, angedai mchele wake." Alikuwa na mengine ya kuongeza, yamejipanga ulimini, lakini aliona kwamba Renzo hafurahi.

"Mimi sijui kubaki," alisema Renzo. "Kufa najua. Nimeachwa na mke, lakini kuachwa ni kitu kingine. Unakasirika, siku zinakwenda. Huyu mzee mkewe amekufa kwenye kiti, na kesho yake kunakucha. Anafanya nini? Uliniambia Ameir alivyokwenda. Hukuniambia wewe ulifanya nini asubuhi yake."

 Watu walimwuliza Bi Faridah mengi tangu wakati ule. Walimwuliza maradhi yalikuwa gani, amezikwa makaburi yapi, arobaini itasomwa lini. Siham alimwuliza kila jioni kama amekunywa dawa ya presha. Hapana hata mmoja aliyemwuliza hilo, na alikuwa amelibeba peke yake miaka yote hiyo, akilifunika kwa habari za watu wengine. Ilimuuma, na papo hapo akahisi nafuu kubwa.

"Ingia," alisema.

Renzo akaingia, akavuta kiti cha mezani, si kile cha Ameir.

"Asubuhi yake unakwenda dukani," alisema Bi Faridah. "Watu hawajaanza kuja, na nyumbani hamna mkate. Unafika kwenye rafu. Kuna mkate mkubwa na kuna ule mdogo, nusu, wa mtu mmoja. Unajua kwamba huo ndio wako sasa. Unanyoosha mkono, na mkono haukubali kuushika. Unasimama pale. Watu wanakuomba samahani, wanataka kupita."

"Ukachukua upi?"

"Mkubwa. Nilinunua mkubwa karibu mwaka mzima, nusu nikiwatupia ndege pale uani. Bhavini alikuwa akinigombeza kwa ajili ya panya, na mimi nikimwambia napenda ndege." Akafuta meza ambayo haikuwa chafu. "Siwapendi hata kidogo."

Renzo alimsikiliza, mikono magotini. Kisha akauliza ilikuwaje ile siku alipochukua mkate mdogo, na Bi Faridah akavuta kiti akaketi, akaanza kumweleza.